Tulipitwa kwa shilingi mia tatu kwa dawati

Jamani, nilijiapia siandiki hii stori mpaka hasira zipoe, sasa ni miezi mitatu na hazijapoa, wacha niandike nazo hivyo hivyo.

Mie ni katibu wa chama chetu cha ushirika cha maseremala hapa Mombasa, upande wa Kisauni. Tuko 22. Si sacco, maana watu wakisikia ushirika moja kwa moja wanauliza "mnakopesha riba ngapi", hapana, sisi ni ushirika wa kazi. Karakana yetu sote, mashine zetu sote, kazi ikija tunaifanya pamoja, kikibaki kitu mwisho wa mwaka tunagawana kulingana na kila mtu alivyofanya kazi. Kuna vijana, kuna wazee walioshika randa kabla mie sijazaliwa, na kuna akina mama sita ambao vanishi yao wallahi ukitazama unajiona mpaka kope.

Basi ikatoka kotesheni, yaani ombi la kupeleka bei, ya ofisi moja ya umma, jina tuliache, madawati 300 ya kukalia watoto wawili wawili. Tukakaa usiku tukapiga hesabu, tukaandika bei, tukapeleka bahasha. Siku ya kufungua nikaenda mie na mzee mwenyekiti. Chumba kidogo, feni inazunguka kama inalazimishwa, bwana wa manunuzi anakata bahasha kwa mkasi moja moja na kusoma bei kwa sauti. Ya kwanza 6,200. Ya pili ikakataliwa pale pale, cheti cha kodi kimeisha muda. Ya tatu ni yetu, 5,800, jumla 1,740,000, nikamwona mzee ananyoosha mgongo kwenye kiti. Ya nne 5,500, jumla 1,650,000. Mzee akarudi kuegemea.

Tofauti ni shilingi 90,000, yaani sisi tulikuwa juu kwa asilimia tano na nusu hivi. Hapo mchezo ushaisha, kwenye kotesheni mwenye bei ya chini ambaye vifaa vyake vinalingana na walichotaka ndiye anayepewa. Sina ugomvi na hilo, ndio sheria, na mie mwenyewe nikienda kununua samaki nauliza bei kwanza.

Ugomvi wangu ulianza wiki mbili baadaye. Tuko karakana, saa tano asubuhi, ikaingia Probox nyeupe, akashuka nani? Mshindi! Kumbe bwana yule hana karakana, hana randa, hana hata msumeno wa mkono, ana mkoba na muhuri. Amekuja kutuomba sisi tumtengenezee yale madawati. Kwa 4,700, mbao juu yetu.

Mzee hakujibu upesi. Akampa stuli, akamwagizia kahawa kwa yule kijana wa pale kona, akakaa akamwangalia mpaka kikombe kikaisha, halafu akamwambia, "Mwanangu, hiyo bei hata mie mwenyewe sijiuzii."

Ngoja niwape ile hesabu yetu ya usiku, maana bila hesabu mtadhani tunalia tu. Dawati moja kwetu: mbao 2,900. Skurubu, gundi, msasa na vanishi 450. Fundi na msaidizi wake 1,500. Juu ya ile 1,500 chama kama mwajiri kinatoa asilimia 6 ya NSSF, ule mfuko wa akiba ya uzeeni, na 1.5 ya ushuru wa nyumba za bei nafuu, ni kama 110. Usafiri 300. Umeme na kodi ya karakana 200. Jumlisha, 5,460. Kwa 5,800 chama kinabaki na 340, hiyo ndio ya kununua blade mpya na kuwekea akiba, na ndio hiyo hiyo ya kugawana.

Sasa ya yule bwana. Tulipomkataa alitafuta banda mahali, akanunua mbao mwenyewe, na mafundi wawili wa kwetu, vijana, wakaomba ruhusa ya siku chache "kuna shughuli ya kifamilia", nikajua, mzee akajua, tukanyamaza kwa sababu mtu ana watoto na karakana ilikuwa kavu. Akawalipa 900 kwa dawati. Hakuna NSSF, hakuna jina popote, hakuna mkataba. Hata tukisema mbao na vifaa alinunua kwa bei ile ile yetu, 3,350, na usafiri 300, dawati limemgharimu 4,550. Ameuza 5,500. Amebaki na 950 kila dawati.

Yaani mwenye bei ya chini amepata faida karibu mara tatu ya ile tuliyoipigia sisi wenye bei ya juu. Ile rudieni kusoma polepole. Serikali ikiangalia karatasi inaona imeokoa 90,000 ya mwananchi. Na 600 kwa kila dawati imetoka mkononi mwa fundi, mara 300 ni 180,000, hiyo hakuna karatasi inayoionyesha.

Sasa hapa ndipo watu huniambia si muingie AGPO. Mpango wenyewe naujua, ulizinduliwa 2013, asilimia 30 ya manunuzi ya serikali ni ya vijana, wanawake na watu wenye ulemavu, na ni mpango mzuri, dada yangu mwenyewe amepata kazi za kupeleka vyakula kwa njia hiyo. Lakini masharti ni kwamba asilimia 70 ya wanachama wawe wa hilo kundi mnalojisajili nalo, na uongozi wote uwe wa hilo kundi. Sisi 22, asilimia 70 ni watu 16. Vijana tunao 9. Wanawake 6. Mwenye ulemavu mmoja, fundi wetu wa viti vya kusuka, na mwenyekiti ana miaka 58. Kwa hiyo tuna kila mtu ambaye serikali inasema inataka kumsaidia, wamekaa benchi moja, wanakula chungu kimoja, na kwa sababu wamekaa pamoja hakuna anayehesabika. Kuna mtu alitushauri vijana wajitoe wafungue kampuni yao, akina mama nao ya kwao. Yaani tuvunje chama ndio tusaidiwe kama vikundi!

Na ule upendeleo wa bei wenyewe Kenya upo, msidhani haupo. Katiba kifungu cha 227 kinaruhusu kabisa makundi kupendelewa, sheria ya manunuzi ya 2015 ikaja, kanuni za 2020 zikaweka asilimia zenyewe, mpaka 20 kwa bidhaa zilizotengenezwa hapa, 10 kwa kampuni ambayo zaidi ya nusu ya hisa ni za Wakenya, zinashuka hivyo. Ila hizo zinamkinga Mkenya dhidi ya mgeni. Pale chumbani kwenye feni ya kulazimishwa wote tulikuwa Wakenya, mbao zote za hapa, sasa nani ampendelee nani. Ushirika kama ushirika hauna asilimia yake kwenye hicho kikokotoo.

Ndio nikaanza kusoma wenzetu wanafanyaje. Na niliyempata si wa mbali, ni ng'ambo tu ya maji, Malibari. Sisi wa Pwani Malibari tunaijua tangu enzi za majahazi, na ile pwani ya India iko mpaka kwenye mapaa yetu, tembea Mji wa Kale uone vigae vya Mangalore vilivyobaki. Jimbo la Kerala, wilaya ya Kozhikode, mji wa Vadakara. Mwaka 1925 watu 14, vibarua, walianzisha chama chao cha kazi kwa mtaji wa ana sita. Ana sita! Waulizeni wazee, babu zetu hapa walitumia rupia mpaka 1920, ana sita haikufika hata nusu rupia. Walikuwa wafuasi wa mwalimu mmoja anaitwa Vagbhatananda aliyekuwa anapinga matabaka na ushirikina, wakubwa wa pale wakakasirika wakawanyima kazi, wakaona bora wajitafutie kazi wenyewe kwa pamoja. Leo hicho chama kinaitwa Uralungal Labour Contract Co-operative Society, kinajenga barabara na madaraja, kina maelfu ya wafanyakazi na kina mpaka bustani ya kampuni za kompyuta pale Kozhikode. 2025 kimefikisha miaka 100.

Sasa kitu kimoja kilichowasaidia, si chote, kazi nzuri na kumaliza kwa wakati ni yao wenyewe, lakini kimoja ni hiki: serikali ya Kerala inavipa vyama vya ushirika vya vibarua upendeleo wa bei wa asilimia 10. Maana yake chama kikiwa juu ya mkandarasi binafsi mwenye bei ya chini kabisa, ila hakijazidi asilimia 10, chama kinaweza kupewa kazi. Kwa hesabu ya madawati yetu, bei ya chini ilikuwa 1,650,000, ongeza asilimia 10 ni 1,815,000. Sisi 1,740,000. Tungekuwa tumo, na nafasi imebaki.

Nilimwonyesha mzee kwenye simu, akavaa miwani, akasoma, akauliza swali ambalo ndio swali lenyewe: "Na hiyo tisini elfu nani analipa?" Mlipa kodi, mzee. Hakuna njia ya kulizunguka. Upendeleo wa bei ni pesa ya kweli inatoka mfuko wa umma, na mtu akikwambia haigharimu chochote huyo anakuuzia kitu. Mie nasema tu ile 90,000 inalipwa hata sasa, ila inalipwa na wale vijana wawili kule bandani, na siku wakizeeka bila NSSF italipwa tena na nyumba nzima.

Kuna njia nyingine, ya serikali kuu ya India, si ya ushirika bali ya biashara ndogo, ya mwaka 2012, na watu wanaichanganya na hii ya Kerala wakati ni vitu viwili mbalimbali. Ile inasema biashara ndogo ikiwa ndani ya asilimia 15 juu ya bei ya chini, inaitwa na kuambiwa, shuka mpaka bei ya yule wa chini, tukupe sehemu ya kazi, na lengo lao ni robo ya manunuzi. Serikali hailipi hata senti ya ziada, tamu kwenye karatasi. Sasa iweke kwa madawati yetu: tungepewa robo, 75, kwa 5,500. Gharama yetu ni 5,460. Tungebaki na shilingi 40 kwa dawati, 3,000 kwa kazi yote. Nilipoisoma hii kwenye kikao fundi mmoja akasema hiyo ni ya chai, mwingine akasema chai bila mahamri. Kwa mwenye kiwanda ambaye gharama zake zinashuka akitengeneza nyingi sawa, atafaidi. Kwa watu ambao bei yao iko juu kwa sababu wanalipana vizuri, kuambiwa "shuka ulingane" ni kuambiwa acha kulipana vizuri.

Na hii fikra si ya jana wala si ya India peke yake. Italia mwaka 1889 walipitisha sheria ya kuruhusu vyama vya vibarua kupewa kazi za umma mpaka za lira 100,000 bila kuingia mnadani. Kabla ya hapo vibarua wa Ravenna walishaanzisha chama chao 1883 na mwaka uliofuata wakaenda kukausha mabwawa ya Ostia karibu na Roma, kwenye malaria, wengine hawakurudi. Kisa ni kile kile, wamechoka na mtu wa kati anayechukua tenda halafu anawatafuta wao wafanye kazi kwa kipande. Miaka 140 hivi, na Probox bado inaingia karakana.

Sasa nisijifanye malaika. Upendeleo huu ukiletwa hapa kwetu kesho, keshokutwa asubuhi kuna vyama vya ushirika vya mkobani. Nawajua watu wetu. Tayari kwenye AGPO malalamiko yapo ya mtu kuweka jina la mke, mpwa au binti wa jirani mbele na yeye mwenyewe kukaa nyuma anahesabu. Mtu anashindwaje kukusanya majina ya watu kumi, kuandikisha ushirika, halafu anaajiri vibarua wale wale wa 900? Hata Kerala wapinzani wamelalamika miaka kuwa chama kile kikubwa kinapewa kazi nyingine bila ushindani kabisa, na chama kikishakuwa jitu la namna hiyo nami nauliza, bado kinahitaji kubebwa mgongoni? Kwa maoni yangu upendeleo uwe na kipimo. Onyesha orodha ya wanachama wanaofanya kazi kwa mikono yao, onyesha makato ya NSSF ya miezi 12, onyesha mlivyogawana mwaka jana. Huna, ukae kwenye foleni na wengine. Na ukishakua ukapita kiasi fulani, shukrani, wapishe wadogo. Hizi karatasi tatu yule bwana wa Probox hawezi kuzipika usiku mmoja.

Lakini kuna jambo linalonikera kuliko hata hili la bei, nalo ni malipo kuchelewa. Mwaka juzi tulipata kazi moja ndogo ya kabati za faili, ofisi nyingine hiyo, tukakopa sacco milioni moja kwa asilimia moja kwa mwezi, tukatengeneza, tukapeleka, wakasaini wamepokea, wakatupongeza na kupiga picha. Malipo yalikuja baada ya miezi saba. Miezi saba ya riba ni 70,000. Kila nikienda naambiwa vocha iko kwa fulani, fulani yuko semina, mara mfumo uko chini, mara pesa kutoka Nairobi hazijashuka. Nilifika mahali askari wa getini ananiandika kitabuni bila kuniuliza jina. Sasa linganisha, faida yetu yote kwenye yale madawati 300 ingekuwa 102,000. Kuchelewa tu kwa miezi saba kungekula zaidi ya thuluthi mbili yake. Kwa hiyo ukinipa upendeleo wa asilimia 10 halafu ukanilipa mwaka kesho, umenipa kwa kijiko umechukua kwa sufuria. Yule wa mkoba anaweza kungoja kwa sababu pesa iliyokwama si ya watu 22 wanaosubiri ya mchele Jumamosi. Nikiulizwa nichague moja, upendeleo wa bei au kulipwa ndani ya siku 30, mie nachukua siku 30 na sitafakari mara mbili. Wanachama wenzangu hatukubaliani hapa, akina mama wanasema kazi kwanza, malipo tutapigania tukishakuwa nayo, na pengine wako sahihi, maana hata hilo deni la kungojea huwezi kuwa nalo kama tenda hujaipata.

Mzee yeye ana lake. Anasema hata zamani bandarini kazi ilipita kwa serangi, yule msimamizi wa vibarua, na serangi alikula chake, ila serangi angalau alishuka shehenani na watu wake. Anataka tuandike barua kwa wawakilishi wa wadi, tuwaombe kaunti ianze na vitu vidogo, madawati ya chekechea, viti vya zahanati, kabati, vitu vya chini ya milioni mbili, wajaribu mwaka mmoja waone. Barua naiandika mie. Nimeweka ile hesabu ya dawati moja ukurasa wa kwanza kabisa, kabla hata ya salamu, mzee akaiona akasema salamu kwanza, kwetu watu wanasalimiana. Nimerudisha salamu juu.

Wale vijana wawili walirudi karakana, hakuna aliyewasema. Juzi mmoja kanivuta pembeni, anataka nimsaidie kuandika barua ya kudai. Alitengeneza madawati 60, 900 mara 60 ni 54,000, amelipwa 36,000, anadai 18,000 na simu ya bwana haipokelewi tangu ofisi ilipopokea mzigo. Nikamuuliza una mkataba? Hana. Kuna daftari ulisaini? Hakuna. Kuna mtu alikuona ukifanya kazi? Akamtaja mwenzake, ambaye naye anadai. Akatoa simu akanionyesha alichonacho, ujumbe mmoja wa M-Pesa, umepokea Ksh 36,000, na jina la aliyetuma wala si la yule bwana.